Kona ya Mama Kwenye Friji

Machi 3

…na hapo ndipo mama alipokosea, kwa sababu mume wangu haongei polepole ili ajidai. Ndivyo alivyoumbwa. Hata akiniomba chumvi, huomba kama mtu anayekuibia siri ya moyoni. Mama anasema, "Huyo mumeo anaongea kama anayembembeleza mtoto wa mwenzake alale." Nilicheka mpaka nikashika ukuta, lakini nikamjibu: mama, kuna maelfu ya watu wanaolala na sauti hiyo masikioni kila usiku, na mimi peke yangu ndiye ninayeamka nayo kwenye mto.

Nilianza kuisikiliza podikasti yake kabla sijaujua uso wake, nikipiga pasi nguo za wateja wa mama. Leo shati lililo chini ya pasi yangu ni lake. Nani kama mimi?

Jioni mvua ya kwanza ya masika imeshuka. Paa letu ni la bati. Mume wangu alitoka kabatini akitiririka jasho, akatazama juu, akasema, "Malaika, tumepata adui." Hata adui, akimtaja yeye, anakuwa mtamu.

Machi 5

Nieleze hilo kabati, maana siku nikiwa bibi mwenye wajukuu nitalisahau. Mume wangu hurekodi ndani ya kabati la nguo chumbani kwetu. Makoti yananing'inia pande zote, blanketi limegongomelewa mlangoni, kigoda kimoja, maikrofoni moja. Nguo hunyonya mwangwi. Anasema sauti yake ina harufu yangu kwa sababu anaongea katikati ya magauni yangu. Nimeandika sentensi hiyo hapa ili isinipotee.

Kitabu chake cha kwanza, *Nyumba Tulivu*, kinafundisha kuishi bila kelele: kelele za vyombo, za watu, za moyo. Watu wamekisoma mpaka majalada yamechanika. Cha pili anakiandika msimu huu, na kila sura anaijaribia kwanza kwenye podikasti. Mimi ndiye msomaji wake wa kwanza. Mimi niliyeishia kidato cha nne!

Friji tuliyo nayo ni zawadi ya harusi kutoka kwa mama na wenzake wa kikundi cha kuweka na kukopa. Aliponikabidhi alisema mbele ya watu wote, "Mwanangu, nimekupa friji nzima. Nipe kona moja tu." Watu wakaangua kicheko. Kona ni ya vichupa vyake vya insulini. Ana kisukari tangu nikiwa darasa la sita, na chumba anachoshonea kina joto la tanuri, pasi zinawaka kutwa. Kwa hiyo vichupa vinakaa kwangu, mlangoni mwa friji, naye huja kuchukua kimoja kimoja. Muuguzi wa zahanati alimsisitiza: mlangoni, si karibu na barafu.

Machi 8

Friji inaunguruma. Mimi sikuwahi kuisikia, ila sikio la mume wangu si sikio la kawaida. Fundi wa sauti anayekuja kumhariria vipindi alivaa vile visikizio vyake vikubwa, akatikisa kichwa: "Shemeji, kuna nyuki humu ndani." Tukazunguka nyumba nzima tukimtafuta nyuki, kumbe ni friji yangu.

Kuanzia leo, akiingia kabatini, friji inachomolewa. Hakuna anayegusa plagi mpaka atoke yeye mwenyewe, kwa sababu ikishtuka kuwaka hutoa mlio na kipindi kinaharibika. Wala hakuna kutembea na viatu, kufungua mlango wa mbele, kuvuta maji chooni. Fundi akaninong'oneza, "Hapa hata mende anaomba ruhusa." Mimi naona raha. Nakaa kitandani miguu juu, nikimsikia mume wangu akinong'ona nyuma ya blanketi, nami ni kama mtu aliyefichwa ndani ya ua.

Machi 9

Mvua kutwa. Hakurekodi. Alilala akiutazama ukuta. Nimeupenda hata mgongo wake.

Machi 14

Leo nimeona kitabu kikizaliwa! Alitoka kabatini baada ya kurekodi tangu asubuhi hadi alasiri, maana bati lilikuwa kimya na alitaka kuiba siku yote. Friji ilikuwa imeanza kutoa machozi sakafuni. Nilimwambia taratibu, "Mpenzi, vichupa vya mama." Akachomeka plagi, kisha akazungusha kile kitufe cha baridi mpaka mwisho. "Imepumzika," akasema. "Sasa ifanye kazi mara mbili, ilipe."

Akasimama. Nilimwona akiisikia sentensi yake mwenyewe. Akarudi kabatini mbio, akiwa na soksi tu.

Zima. Pumzika. Washa mara mbili. Hiyo ndiyo itakuwa kauli ya kitabu kipya. Imetokea jikoni kwangu, mbele ya friji yangu!

Machi 18

Kila mahali ni zima, pumzika, washa mara mbili. Mwenye duka la dawa ameibandika ukutani. Msichana mmoja ameniandikia kwamba ameacha kazi ili apumzike. Sijui atawasha nini.

Machi 20

Koo la mume wangu limekwaruza kwa unyevu. Nimemtengenezea chupa nane za tangawizi na asali, na mahali pekee zinapokaa wima ni mlangoni mwa friji. Vichupa vya mama nimevihamishia juu kabisa, nyuma, chini ya sehemu ya barafu. Nilikumbuka maneno ya muuguzi. Lakini nilijiambia: friji inazimwa mara nyingi, bora vikae penye baridi zaidi, vifaidi. Mume wangu alinibusu kichwani. "Unaona? Kila kitu kina nafasi yake mtu akinyamaza."

Machi 24

Leo nimecheka, kisha sijui.

Mama alikuja kuchukua kichupa wakati mume wangu yuko kabatini. Mvua ilikuwa imekatika, naye alikuwa akikimbizana na mawingu. Nilimwona mama dirishani, nikaweka kidole mdomoni. Mlango wetu unalia ukifunguliwa. Mama akasimama barazani, akanionyesha kwa mikono: chupa, ndogo, sindano. Nikamwonyesha: subiri. Akanionyesha: miguu inauma. Nikamwonyesha tena: subiri. Tulikuwa kama mabubu wawili wanaogombana sokoni. Nilicheka mkono ukiwa mdomoni.

Kisha mvua ikaanza ya upepo. Baraza letu halina ukuta. Mume wangu alikuwa anamalizia kipindi, akiwahi kabla bati halijachacha. Mama akavua kanga ya juu akaifunika kichwani, akageuka akanipa mgongo. Alikaa hivyo mpaka blanketi la kabati lilipofunguliwa.

Nilipomfungulia, alikuwa amelowa mpaka kwenye viatu vya wazi. Mume wangu akamwambia kwa sauti ile ile, "Mama, samahani sana. Siku nyingine ukija, angalia kwanza mawingu. Kukiwa kukavu, usije."

Mama akasema, "Mkwe wangu, kwa hiyo mimi nije mvua ikinyesha tu? Kama chura?"

Fundi wa sauti alicheka. Mume wangu hakucheka. Baada ya mama kuondoka na kichupa chake akasema, "Mama yako ana kelele hata akinyamaza." Nilidhani ni utani. Nilisubiri atabasamu, lakini alikuwa anatafuta kalamu.

Machi 25

Jua. Amerekodi asubuhi mpaka jioni. Nimekula ugali baridi kwa kijiko cha mbao, chuma kinagonga.

Machi 31

Mama amemtuma kijana wa duka la jirani yake kuchukua kichupa. Nilipokitoa kilikuwa kigumu kama kijiwe. Nikakifumbata viganjani, nikakipulizia, mpaka kikalegea, maji yakarudi kuwa maji. Hakikuwa na tofauti yoyote niliyoiona. Mume wangu alikuwa amesimama mlangoni akinitazama, macho yamejaa machozi. "Usisogee," akasema. "Mikono ya mwanamke inayeyusha barafu. Usisogee, niandike."

Nilikaa hivyo hivyo, mikono imefumba. Nilijiona mzuri kuliko siku ya harusi.

Kisha nikampa kijana kichupa.

Aprili 6

Mama amepiga simu. Ana kiu isiyokatika, na anaamka kwenda chooni usiku kucha. "Nachoma sindano kama kawaida," akasema, "lakini ni kama najichoma maji." Nikamwambia apumzike. Nikamwambia azime kidogo. Akasema, "Mke wa redio, mimi nikizima nani atanishonea?"

Aprili 7

Mvua.

Aprili 11

Nilikwenda kumwona. Amekonda mashavuni. Cherehani chake ni cha kukanyaga, na mguu wa kulia una kidonda kidogo penye dole gumba, pale ukanda wa viatu ulipomkwaruza siku ile ya baraza. Hakijapona. Nikamwambia aende zahanati. "Nikimaliza sare za shule," akasema, "wazazi wamekwisha kunilipa nusu." Nilimchukulia kichupa kingine. Nilimpelekea kwa mapenzi yote, nimekifunga kwenye leso.

Nyumbani nilimwomba mume wangu, kwa upole, kama huko kwenye kitabu chake: je, asingeweza kuacha friji iwake, hata kama nyuki atasikika kidogo? Alinishika mashavu kwa mikono miwili. "Malaika, sauti hii ndiyo inayotulisha. Unataka niiache iungurume kwa ajili ya mtu asiyetaka kwenda zahanati?"

Nikaona ana haki. Naandika hivyo kwa sababu niliona hivyo.

Aprili 15

Kipindi cha leo: "Jamaa Wanaougua Kwa Sauti." Hakumtaja mama. Alisema tu, "Kuna mzee mmoja fundi cherehani." Watu wameandika chini yake: ha ha, huyo ni mkwe wangu kabisa; mzime huyo; zima, zima. Nimesoma yote. Nilikuwa nikitafuta hata mmoja aliyeuliza, je, mzee huyo yukoje?

Aprili 19



Kijana wa dukani alipiga simu asubuhi. Mama ameanguka juu ya cherehani, haitiki. Mume wangu alikuwa kabatini. Jua lilikuwa kali, la kwanza baada ya wiki nzima. Nilisimama mbele ya lile blanketi, simu mkononi, nikahesabu pumzi, na Mungu wangu ajue nilichofanya: nilisubiri amalize sentensi. Alikuwa na sentensi nzuri. Aliposita ndipo nikafungua mlango wa mbele, ukalia, nikakimbia bila viatu.

Hospitali walikuwa wamemtundikia maji. Sukari ilikuwa imepanda mpaka mashine ikaandika neno badala ya namba. Kidonda kilikuwa kimekuwa cheusi, kimekula dole gumba na kidole cha pili. Daktari alisema vidole hivyo vinatoka leo, la sivyo kesho watazungumzia mguu. Nilitia saini mimi.

Muuguzi alichukua kichupa kutoka mkoba wa mama, akakiinua kwenye mwanga. "Hiki kilikaa wapi?"

"Kwenye friji."

"Wapi kwenye friji?"

Nikamwambia.

"Kiliwahi kuganda?"

Nilitazama viganja vyangu.

"Ikishaganda imekufa, dada," akasema. Hakunikaripia, na ingekuwa afadhali anikaripie. "Hata ukiiyeyusha. Amekuwa akijichoma maji tu."

Nikakumbuka nilivyosimama jikoni na mikono imefumba, na mume wangu akiandika.

Aprili 20

Mama amefumbua macho. Neno lake la kwanza: "Sare zimekwisha?" La pili, baada ya kutazama kitambaa mguuni: "Wa kulia. Ndio ninaokanyagia."

Aprili 22

Mume wangu alikuja hospitali na maua. Nikamweleza yote, plagi, kitufe, barafu, viganja. Sikumlaumu, nilisema sisi. Alinisikiliza mpaka mwisho. Ni msikilizaji mzuri, kila mtu hulisema hilo. Kisha akasema, "Tusitafute mwenye kosa. Lawama ni kelele." Akambusu mama mkononi. Mama akaufuta mkono kwenye shuka, polepole, akimtazama.

"Mkwe," mama akasema, "mkono umeshapona. Sasa busu na vidole."

Akamwonyesha kwa kidevu ndoo ya takataka.

Aprili 28

Kipindi kipya: "Mwili Usiosikilizwa." Nilikisikiliza hospitali, kwa sikio moja. Anasimulia jinsi mkwewe alivyopuuza mwili wake mpaka ukamdai vidole. Anasimulia jinsi yeye alivyokaa kando ya kitanda usiku kucha. Alikaa dakika za kuweka maua kwenye glasi. Sauti inatetemeka panapostahili. Kitabu kiko mtamboni tayari, na mchapishaji amepiga simu, anataka jambo hilo liwahi kuwa sura ya mwisho.

Sauti bado ni nzuri. Hilo ndilo linaloniuma. Nilipofumba macho, nilikaribia kumwamini.

Mei 3

Uzinduzi wa kitabu. Ukumbi ulijaa mpaka watu wakakaa ngazini. Fulana nyeupe zilizoandikwa kauli ya friji yangu. Mvua ilipiga bati la ukumbi, naye akaitania: "Hata adui yangu amekuja kununua kitabu." Watu wakafa kwa kicheko.

Aliniita jukwaani. "Huyu ndiye utulivu wangu." Alikuwa amenipa sentensi moja ya kusema: Nyumba yetu haina kelele. Niliikariri kutwa. Nilipoishika maikrofoni, sentensi ilitoka, kisha zikatoka nyingine.

Nikasema nyumba yetu haina kelele kwa sababu tulizima friji. Nikasema ndani ya friji kulikuwa na dawa ya mama yangu. Kisha tukaiwasha mara mbili, dawa ikaganda, nami nikaiyeyusha kwa mikono hii, nikampa. Nikasema mama yangu hakupuuza kitu. Alisimama barazani kwetu kwenye mvua akingoja dawa mbovu. Sasa hana vidole viwili vya mguu anaokanyagia cherehani, na kitabu hiki mnachokishika kilianzia kwenye plagi hiyo.

Ilisikika mvua tu. Nilifikiri: sasa wamesikia.

Mwanamke wa safu ya mbele akasimama akilia, akaanza kupiga makofi. Wakasimama wote. Wakaanza kuimba, kwanza upande mmoja, kisha ukumbi mzima: zima! pumzika! washa mara mbili! Walidhani ni sehemu ya somo. Walidhani nimekuja kushuhudia.

Mume wangu alinikumbatia, akafunika maikrofoni kwa kiganja. "Vizuri sana, malaika," akaninong'oneza. "Ila ungelia kidogo."

Mei 4

Mvua.

Mei 9

Maneno yangu ya ukumbini ameyarusha kwenye podikasti, nayo yamesikilizwa kuliko vipindi vyake vyote. Hakukata hata neno. Fundi ndiye aliyeniambia, akikunja nyaya bila kunitazama usoni. "Nilimuuliza, bosi, tuiache kweli? Akasema, iache, ina damu." Kisha: "Shemeji, mimi ndiye niliyemsikia yule nyuki. Ningekuwa na masikio mabovu ningepata usingizi."

Jioni mume wangu alikuwa na furaha ya mtoto. Wasikilizaji wanamtaka mama. Ameshawaahidi: kabla mwezi haujaisha atakwenda kumrekodi kitandani kwake, mama na mkwe, msamaha. "Wewe utashika maikrofoni," akasema. "Mikono yako inajulikana sasa."

Nikamuuliza kama amemwomba mama. Akasema, "Ni zawadi. Zawadi haiombewi ruhusa."

Zawadi. Nikaitazama friji. Ilikuwa inaunguruma, na kwa mara ya kwanza nikaisikia, kweli kama nyuki.

Mei 10

Nimezungumza na fundi wa sauti, maneno machache, kwenye ngazi. Ana rafiki mwenye mkokoteni. Mume wangu akiingia kabatini, friji huchomolewa na nyumba hunyamaza. Hatatoka mpaka amalize, na hatatarajia kusikia nyuki. Watu wawili wenye soksi wanaweza kubeba kitu kizito bila kishindo. Mlango nimeupaka mafuta leo. Hajagundua kwamba haulii tena. Amenisifu tu kwamba nyumba imezidi kutulia.

Kinachotakiwa ni siku moja kavu. Anaingojea yeye arekodi. Nami naingojea.

Mei 11

Bado inanyesha. Nimempigia mama. Ametoka hospitali, yuko chumbani kwake, vichupa vipya amevifukia kwenye chungu cha mchanga uliolowa, vikae baridi, kama alivyoelekezwa. Anajifunza kukanyaga cherehani kwa mguu wa kushoto. Anasema nguo zinatoka zimepinda kama mlevi, na mteja mmoja amemwambia ndiyo mtindo.

Nikamwambia kuhusu ziara ya mkwewe. Akacheka hadi akakohoa. "Aje. Nitamwimbia."

"Hatakuja kabla yangu, mama."

"Wewe unakuja na nini? Maua?"

"Nakuja na friji yako. Mlangoni ni pako pote."

Nilimsikia akizungusha gurudumu la cherehani kwa mkono.

"Na wewe je, mwanangu? Utakaa wapi?"

"Nipe kona moja tu."

Bati lilikuwa linapiga kwangu na kwake pia. Nikamwambia asinifungie mlango, asihesabu siku, atazame mawingu tu: siku ya kwanza kavu, kabla mwezi haujaisha, nitakuja.